Bodhi na Wali wa Maziwa

Zuberi mwanangu,

Mama yako atakukabidhi karatasi hizi kesho, gari likiwa karibu kuondoka. Nimemwomba asikupe mapema kwa sababu ukizipata leo utazichana. Kesho, begi mkononi na watu wanakutazama, utaona haya kuzichana. Utazitia mfukoni, na barua ya baba ikiwa mfukoni humwasha mtu mpaka aisome.

Kwa mdomo nimeshindwa. Tangu hao wenzako wakwambie ufunge maneno, nikiongea unatazama ukuta, mama yako akiongea unatazama ukuta. Hata bibi yako aliyetoka Ikuti na mkungu wa ndizi kichwani ulimtua mzigo bila kumwitikia salamu. Akauliza, "Huyu mtoto amekuwa bubu, au mimi ndiye nimekufa na sina habari?" Tukacheka wote, naye akacheka, kisha nikamwona anafuta macho kwa ncha ya kitenge. Lakini walikufunga maneno, hawakukufunga macho. Ndiyo maana naandika.

Naandikia hapa kwenye boila ya kiwanda cha chai, nimeegemea rundo la magogo, mvua inapiga mabati. Mwandiko unisamehe, darasa la tano ndiko nilikoishia. Mvuke ukishuka itabidi niweke kalamu nikatie kuni, kwa hiyo ukiona mahali maneno yameruka, ujue ndipo nilipoinuka.

Sitakwambia habari za sweta wala viatu. Hayo mama yako ameshayafungasha, anafungasha huku analia na wewe umesimama hapo hapo. Mimi nina jambo moja. Huko unakokwenda, porini ng'ambo ya Mbeya, mtakaa bila kula wala kunywa mpaka muamke. Ndivyo ulivyomwambia mama yako ulipokuwa bado unasema. Nataka usife, Zuberi. Sina jambo la pili.

Nianze na siku ile ya jikoni, maana najua hapo ndipo nilipokupoteza. Ulikuja na simu mkononi, uso unawaka kama mtu aliyeitwa kazini. Ukasema, "Baba, yule Mwalimu ninayemfuata kwenye simu ameipata bodhi." Nami nikacheka. Ukaniuliza, "Unacheka nini, na neno lenyewe hulijui?" Ningekujibu vizuri pale pale, leo nisingekuwa naandika. Badala yake nikasema, "Hiyo bodhi inaliwa na chumvi au bila chumvi?" Mama yako akanikata jicho. Wewe ukazima simu, ukatoka nje, na hujanitolea neno tena.

Sikukucheka wewe. Nilishtuka. Neno hilo nalijua tangu hujazaliwa, ila nilidhani katika Tukuyu yote ninalijua peke yangu. Kulisikia ghafla jikoni kwangu, kinywani mwa mtoto wangu, ilikuwa kama kukutana na mtu wa kwetu Kilwa sokoni Msasani yetu ya hapa Tukuyu. Mtu hucheka. Lakini wewe uliniletea kitu umekishika kwa mikono miwili, nami nikakifanyia mzaha. Hilo nimelibeba kila siku ninapotia kuni.

Sasa nikwambie nililijulia wapi.

Nilipokuja huku kutoka kusini sikumjua mtu. Mvua haikatiki, ukungu unaingia mpaka kwenye sahani, na wenyeji wakinong'ona, "Mswahili wa pwani huyo, hajui hata kumenya ndizi mbichi." Ni kweli, sikujua. Nikapata kibarua hapa kwenye boila, kuchoma magogo ya mikaratusi ili mashine ya kukaushia chai ipate joto. Kiwandani alikuwapo mtaalamu aliyeletwa kutoka Sri Lanka, kisiwa cha watu wa chai. Jina lake Piyasena. Mfupi, mweusi kunipita mimi, anatembea kwa kunusa kama paka. Watu walimwita Mhindi. Akisema, "Mimi hapana Mhindi," walimjibu, "Basi wewe Mnyakyusa." Alilipenda hilo. Akiulizwa kabila na mgeni alijibu Mnyakyusa, akiwa ameshika kiuno.

Ramadhani ya kwanza niliyofunga huku nilifanya ujinga ambao nataka uusome polepole. Waislamu tulikuwa wachache sana kiwandani. Wenzangu walinitania: "Ninyi mnafunga mchana, usiku mnakula za siku mbili." Nikasema nitawaonyesha. Nikaacha daku. Kisha nikaacha hata kufuturu kwa wakati, jua likizama naendelea kutia kuni, nawaachia wenzangu tende, eti mimi nina nguvu za imani. Zilikuwa nguvu za kiburi. Tumefundishwa kuharakisha kufuturu, na hilo nililijua tangu chuo cha Kurani kwetu, lakini nilitaka nionekane.

Na nitakwambia jambo ambalo baba mwingine asingekwambia. Ilikuwa tamu. Mwanzoni njaa inauma, baadaye inaacha kuuma, halafu inakuja raha. Mwili unakuwa mwepesi. Kila kitu kinang'aa. Niliuona moto wa boila ukiwa na rangi ambazo sijawahi kuziona, nikasikia marehemu mama yangu akiimba ndani ya mvuke. Nikajiambia, sasa nimefika. Kwa hiyo usidhani nakuambia kwamba Mwalimu wako anawadanganya kwa kila kitu. Huo mwanga anaousema upo. Nimeuona. Lakini unatoka tumboni, mwanangu, ni tumbo linalolia kwa lugha nyingine.

Nikiwa nautazama moto nikasahau kioo cha maji. Boila ina kioo cha kuonyesha maji yamebaki kiasi gani. Yakiisha na moto ukiwa mkali, chuma kinapasuka, na kikipasuka hakichagui mtu. Kule ndani walikuwapo akina mama wanaochambua chai, na mama yako, ambaye wakati huo nilikuwa namjua kwa kilemba chake tu, alikuwa mmoja wao. Nilikuwa nimekaa natabasamu. Piyasena alinusa kwamba joto la mashine limebadilika, akaja mbio. Akaona kioo kikavu. Hakupiga kelele. Alichukua reki ya chuma akaanza kuvuta makaa nje, miguu yake ndani ya kandambili, huku akiniambia, "Fundi Moto, toka. Toka, toka."

Nimerudi. Nilikwenda kutia gogo.

Baadaye alinikalisha nje, nyuma ya kiwanda, nimelowa jasho. Akaenda chumbani kwake akarudi na bakuli. Wali uliopikwa kwa maziwa mpaka ukashikana, umekatwa vipande kama mkate. Jua lilikuwa limeshazama zamani. Nikasema sili. Akasema, "Kula, mimi taambia hadithi."

Akanisimulia. Alikuwapo mtoto wa mfalme aliyeacha nyumba yake, mke na mtoto mchanga, akaenda porini kutafuta dawa ya mateso ya watu. Akajinyima chakula mpaka akiligusa tumbo lake anashika uti wa mgongo. Walikuwapo wenzake waliomsifu: huyu ndiye mwanamume, huyu atafika. Hakufika. Siku moja akaanguka kando ya mto. Akapita msichana amebeba wali wa maziwa, akampa. Akala. Wale wenzake wakakasirika, wakasema amekuwa mlafi, wakamwacha. Akabaki na tumbo lililoshiba. Ndipo akaenda kukaa chini ya mti, akatulia, na hapo akaamka.

"Hiyo," Piyasena akasema, "naitwa bodhi."

Nikamuuliza, "Kwa hiyo wali ndio uliomwamsha?"

Akasema, "Wali ni wali tu. Lakini maiti hapana amka."

Hapo ndipo nilipokula.

Kwa hiyo umeona, Zuberi. Mwalimu wako amelichukua neno akaacha hadithi yake. Mtu wa kwanza kusemwa ameipata bodhi aliijaribu njia yenu kabla yenu, akaijaribu kuliko mtakavyoweza ninyi, akaona haiendi popote, akaiacha. Bodhi ilikuja baada ya kula. Sitaki uniamini mimi wa darasa la tano. Una simu, tafuta hadithi hiyo mwenyewe, usome, uone kama bakuli la wali halimo.

Nilimsumbua Piyasena kwa neno hilo muda mrefu. Lilinikaa. Nilidhani ni mwanga, au nguvu, au daraja kama la ushehe. Akasema hapana, ni kuamka, basi, kama mtu anavyoamka kitandani. Nikamuuliza, kuamka ukaenda wapi? Akanicheka. "Wewe asubuhi naamka, nakwenda wapi? Chumba ile ile. Mke ile ile. Sasa naona." Tuliokuwa pale tukapiga makofi kwa hiyo "mke ile ile", maana wakati huo nilikuwa nimeshamuoa mama yako na alikuwa amesimama mlangoni na beseni.

Na alinifundisha namna wanavyolitumia kwao. Wanalitaja sana kwa mti. Mti ule mtu yule alioamkia chini yake una watoto na wajukuu, umepandwa kila mahali, na watu huumwagia maji, huuwekea maua, na mtoto akisema anakwenda kwenye bodhi, amekusudia mti. Wanalitaja kwa yule aliyeamka, kwa heshima. Lakini mtu kulitaja kwa nafsi yake, hapana. Nilimuuliza, "Kijijini kwenu yuko aliyeipata?" Akasema, labda yuko, lakini hawezi kusema. Akaniambia mtawa wa dini yao akijitangaza kwa uongo kwamba amefika, anavuliwa utawa, na harudishiwi tena, kama aliyeua. "Na mama yangu," akasema, "kisikia mtu nasema mimi nimeamka, nacheka. Nasema huyu nalala macho wazi."

Mwalimu wako anasema ameipata. Anasema atawagawia. Unaona mwenyewe.

Mimi sikuipata, Zuberi. Dini yangu ni ile ile niliyozaliwa nayo, na ya Piyasena nilibaki nayo neno moja na hadithi moja. Sijui kuamka huko kukoje. Ninachojua ni mahali pasipofikisha, kwa sababu nilishafika hapo, na nilikuwa karibu kuua watu nikitabasamu.

Kuna jambo jingine ninalolijua. Nilikwenda Kisiba wiki iliyopita, sikukwambia. Nilikwenda kwa yule kijana Ambakisye, aliyetangulia na kundi la kwanza, ambaye mliambiwa alirudi kwa sababu alikuwa na moyo wa shaka. Nimemkuta kwenye mkeka uani. Mikono yake imekuwa kama vijiti vya kuegeshea maharage. Mama yake anamnywesha uji kwa kijiko cha chai, akimeza kimoja anapumzika. Nikakaa. Nikasema, "Mwanangu, mimi ni baba yake Zuberi." Hakulikumbuka jina lako. Amelala nyumbani kwako mara nyingi, mmelala kitanda kimoja, na hakukumbuka. Akanitazama muda mrefu, akaniuliza kwa sauti ndogo sana, "Baba, mimi nimeshaamka?"

Mama yake akanijibia. Akasema, "Umeamka, baba. Kunywa uji."

Nilirudi kwa miguu kipande kirefu kwa sababu sikutaka mtu anione.

Najua utasema unakimbia maisha haya. Nayajua. Umemaliza shule, umekaa Msasani unatengeneza simu za watu kwenye kimeza barazani, vijana wenzako wanapita wanakwenda Mbeya, Dar, wanarudi na miwani. Wewe ulitaka kitu kikubwa kuliko miwani, na hilo sikulaumu. Ninajilaumu mimi. Nikitoka zamu nilikuja nyumbani nikalala. Ukiamka kwenda shule, nimelala. Ukirudi, nimelala, mama yako anakuonya kwa kidole mdomoni, "Shii, baba amechoka." Umelelewa na mtu aliyelala. Ulipotaka kuuliza maswali yako ya usiku na mchana, kwa nini tunazaliwa, kwa nini bibi anaumia, uliyapeleka kwenye simu kwa sababu baba alikuwa anakoroma. Sasa amejitokeza mtu anasema, njooni niwaamshe. Ungeachaje kwenda?

Nilidhani baba akileta unga amemaliza. Kumbe ungenikanyaga mguu ningeinuka. Ningekasirika, lakini ningeinuka.

Nisamehe, narukaruka. Mvuke unashuka kila mara leo, kuni zimelowa.

Zuberi, nakuomba. Sijui kuomba vizuri, mimi ni mtu wa magogo. Kama unataka kutafuta kuamka, tafuta. Sikukatazi. Kaa kimya ukipenda, nitakulindia hicho kimya, nitawaambia watu wakuache. Kaa chini ya mparachichi wa jirani mpaka utoboe ardhi. Nenda Ikuti kwa bibi ukakae katikati ya migomba ambako hakuna anayekusumbua. Lakini kula. Kunywa maji. Funga kama unavyojua kufunga, na jua likizama ufuturu. Saumu isiyo na futari mbele yake si saumu, ni kaburi linalochimbwa taratibu. Na yule anayekwambia usile, mtazame yeye mashavu. Nimeiona picha yake kwenye simu yako. Mashavu yale hayajafunga.

Nimesimama hapa nikaenda kuomba ruhusa kwa msimamizi wa zamu. Nimemwambia mwanangu anasafiri kesho alfajiri, naomba nimuage. Akasema, "Mzee, kila mtu ana mtoto anayesafiri. Boila nani ataikalia?" Nikamwambia, huyu haendi safari ya kurudi. Akadhani nimechanganyikiwa. Akasema nikitoka leo nisirudi tena. Hakusema kwa ubaya, ameshazoea tu kwamba watu kama mimi hawatoki. Nikarudi hapa, nikajaza maji, nikatazama kioo. Kimejaa vizuri. Nikamwita mwenzangu wa kwenye kikaushio, nikamkabidhi reki.

Haya ya mwisho nayaandikia nyumbani, jikoni, mama yako ameshika kibatari kwa sababu umeme umekatika. Nimefika, nimegonga mlango wa chumba chako. Nimeita. Nimesikia kitanda kinalia, nikajua umekaa unasikiliza. Nikasema, "Zuberi, ni mimi, siko zamu." Hukuitika. Sikuvunja mlango. Wewe ni mtu mzima, na mlango ukivunjwa leo, kesho utapita dirishani.

Mama yako ameniuliza, "Sasa baba Zuberi, unafanya nini?" Nikamwambia. Akaanza kufungasha tena, safari hii nguo zangu. Akasema, "Chukua na sufuria ile ndogo, ile kubwa ukiichukua nitapikia nini mimi?" Nimemwoa mtu, mwanangu.

Kwa hiyo sikiliza. Sitakushika mkono kesho mbele ya wenzako, sitakuaibisha. Nimekwenda stendi jioni hii kabla ya kuja hapa, nikakata tiketi. Mtakapoingia kwenye huo uzio wao wa porini, mimi nitakaa nje ya lango. Wakinifukuza nitasogea hatua mbili nikae tena. Nitakoka moto, hiyo ndiyo kazi ninayoiweza, na asubuhi na jioni nitapika, upepo ukielekea kwenu. Sitalala. Nimelala vya kutosha.

Mpaka hapa gari litakuwa limeshapita Uyole, kama unasoma polepole kama mimi. Usiseme kitu kama umeapa kutosema. Geuka tu nyuma. Niko siti ya mwisho, upande wa kushoto, na ya kando yangu nimeiwekea koti asikae mtu.

Baba yako.